Sura ya Sita: Ng'ombe wa Chuma wa Malambo

Jumapili, saa saba na nusu mchana, Sajenti Marcelina alimkuta Nyanjige akimsubiri kwenye kona ya maduka ya zamani, mwavuli mkononi na chupa mbili za maji kwenye kikapu. Chupa moja alimpa kabla hata hawajasalimiana.

"Viatu hivyo vitakuumiza, afande," alisema. "Wageni wangu huwa nawaambia, matembezi ya sanaa si harusi."

"Ni viatu vya kazi."

"Ninyi watu wa Bukoba bwana. Hata shambani kwenye migomba mnaingia na soksi."

Marcelina alicheka kidogo, akafungua daftari.

Mambo aliyokuwa nayo yalikuwa machache. Kila Jumamosi Nyanjige aliwatembeza watu kwa miguu mjini Bariadi, akiwaonyesha sanaa ambayo wenyeji hupita pembeni yake bila kugeuza shingo. Mwisho wa matembezi palikuwa na ng'ombe wa chuma, kazi ya fundi wa kuchomelea aitwaye Mwandu. Kimo chake kilikuwa cha ng'ombe wa kweli, mbavu za mabamba ya plau, mkia wa mnyororo, mwili umevikwa bati la pipa lililopakwa mabaka ya kahawia na nyeupe. Kwa miaka mitatu alisimama kwenye kiwanja cha Mzee Masele, mtaa wa Malambo. Alhamisi asubuhi Nyanjige alikuta kiwanja kitupu, akaenda kituoni. Ijumaa Koplo Gabriel alimkamata Elia, mnunuzi wa skrepa kutoka Mkula, akiwa na mabamba mawili ya plau kwenye mkokoteni. Nyuma ya mabamba hayo ilikuwa imebaki rangi ya kahawia.

Kesho saa mbili Elia angepelekwa mahakamani. Bariadi hakuwa na mtu hata mmoja wa kumdhamini, na huko Mkula mke wake, Sayi, alikuwa ametimiza miezi tisa ya mimba.

Asubuhi hiyo, kabla ya watu kutoka kanisani, Marcelina alikuwa amemhoji kwa mara ya tatu. Elia alikuwa amevaa koti kubwa ambalo si lake. Lilikuwa la Gabriel. Gabriel ndiye aliyemkamata, na Gabriel ndiye aliyeona kwamba sakafu ya mahabusu ina baridi.

"Mabamba uliyapata wapi?"

"Nimeshasema, afande. Mama mmoja alinipa, nikampa beseni. Jekundu."

"Mama gani?"

"Sikumwuliza jina. Mtu akileta chuma unampa beseni, unaendelea na safari. Ila alinipa maji ya kunywa bila mimi kuomba."

"Mtaa gani?"

"Mimi hapa mgeni. Mitaa yenu naijua kwa mbwa wake."

Gabriel, aliyekuwa amesimama mlangoni, alitikisa kichwa. "Kila mtu wa skrepa ana mama wake wa beseni."

Elia hakubishana naye. Alimgeukia Marcelina. "Afande, ninaomba kitu kimoja. Msimpigie Sayi. Nilimwambia nimepata kazi ya siku mbili zaidi. Akisikia mahabusu, na hali aliyo nayo…"

Hayo ndiyo yaliyomfanya Marcelina aje hapa na viatu vyake vya kazi.

"Nitembeze kama mgeni," alimwambia Nyanjige. "Kila mahali unapowasimamisha, nisimamishe na mimi."

Walianza nyuma ya duka la kwanza. Juu ya lipu iliyobanduka, kinyozi Athanasi alikuwa amechora nyuso kumi na mbili za wanawake wa sokoni, kila mmoja na jina lake chini na kilemba chake kama anavyokifunga. Nyanjige alieleza bila haraka. Athanasi aliwachora kwanza waliokuwa wakimkopesha nyanya alipokuwa hana wateja. Mmoja alifariki mwaka jana. Wanawe huja kuupangusa ukuta.

Marcelina aliyasikiliza maelezo mpaka mwisho, kisha akainama. Nje ya kibanda cha Athanasi, kilichofungwa kwa kuwa ni Jumapili, benchi la wateja lilikuwa limefungwa kwenye nguzo kwa mnyororo.

"Mnyororo huu ulikuwepo Jumamosi iliyopita?"

"Hapana. Benchi lilikuwa linafungwa kwa kamba ya katani." Nyanjige alisogea, akaushika. Katikati ya pete zake palikuwa na rangi nyeupe. Akauachia kama umemchoma. "Afande, huu ni mkia."

"Nimeona."

"Athanasi? Athanasi ni mwizi?"

"Mwizi gani anafunga benchi barabarani kwa mali ya wizi?" Marcelina aliupiga picha mnyororo, akaandika saa. "Twende mahali panapofuata."

Mahali palipofuata palikuwa uwanja wa Martha, mama lishe. Kwa miaka tisa kila sahani iliyovunjika kwenye mgahawa wake aliigandisha ukutani kwa saruji. Sasa ukuta mzima ulikuwa maua, samaki na jua, vipande vya udongo na vya kioo, na alasiri kama hii ulimeremeta hadi barabarani. Martha alikuwa anaosha vyombo. Beseni lake lilikuwa jekundu.

"Mwadila, mayu," Nyanjige alimsalimia kwa Kisukuma, akimwita mama.

"Mwadila. Leo umeleta askari aje kuona sahani?" Martha alifuta kiti kwa upindo wa kanga, akamsukumia Marcelina. "Kaa, mayu. Viatu hivyo vinakutesa."

Marcelina alikaa. Macho yake yalikuwa kwenye mlango wa jiko. Ulizuiwa na bamba la plau, na kwenye ukingo wa bamba palikuwa na rangi ya kahawia.

"Hilo umelitoa wapi, mama?"

"Hilo? Ni fungu langu."

"Fungu la nini?"

"La ng'ombe wa Mwandu." Martha alisema hivyo kama mtu anayeulizwa jina la mwanawe. "Si alianguka Jumanne kwenye ile mvua? Tulitoka majirani tukajaribu kumwinua, akazidi kuachana. Asubuhi Mzee Masele akatugawia. Mimi mabamba matatu, Athanasi mkia, wengine vingine. Nilibaki na moja, mawili nikampa kijana wa mkokoteni. Kijana mzuri yule. Alitoa beseni, akaliona lina ufa, akalirudisha mwenyewe akanichagulia hili."

Nyanjige alikuwa amesahau kufunga mdomo. "Mkagawana kazi ya Mwandu?"

"Ng'ombe wa mtu akikufia mikononi, nyama inaliwa. Ulitaka tuiache ioze?"

"Chuma hakiozi, mama."

"Kinashika kutu."

"Na mimi mbona hamkuniambia?"

"Uliuliza?" Martha aligeuka, mikono ikidondosha povu. "Alhamisi ulikuja mbio, ukapiga picha, ukaondoka mbio. Nilikuita unywe uji. Hukugeuka."

Nyanjige alitazama chini. Marcelina aliandika maelezo yote, akamsomea Martha polepole, Martha akaweka sahihi baada ya kujikausha vidole. Kijana wa mkokoteni yuko wapi sasa, Marcelina hakusema. Ilikuwa desturi yake ya kazi: shahidi haambiwi nani amekamatwa, asije akapindisha maneno kwa huruma au kwa chuki.

Njiani Nyanjige alisema, "Basi imekwisha. Elia atoke."

"Bado. Martha ameeleza Elia alivyopata mabamba. Gabriel ataniuliza swali moja tu. Nani anajua kama ng'ombe alianguka au aliangushwa? Masele angeweza kulegeza nguzo mwenyewe, akawagawia majirani kidogo ili wanyamaze, kilichobaki akamwuzia Elia."

"Mzee Masele hawezi."

"Jana nilimwuliza ng'ombe yuko wapi. Unajua alinijibu nini? 'Habari ya ng'ombe wa mtu anaambiwa mwenyewe.' Akaendelea na kazi yake. Niliandika kwamba hatoi ushirikiano."

"Na Mwandu mwenyewe?"

"Yuko Nassa, anachomelea injini za mitumbwi. Nilimpata dakika moja. Alisema hajamwuzia mtu, akaniuliza Mzee Masele anasemaje, mtandao ukakatika. Tangu hapo sijampata." Alitembea hatua chache. "Wewe ni Msukuma. Mzee ana maana gani?"

"Baba yangu alikuwa karani, afande. Ng'ombe mimi nimewajua buchani."

Kiwanja cha Masele kilikuwa na nyasi fupi na mashimo manne. Marcelina alizunguka mara mbili kabla ya kukanyaga katikati. Alama za mkokoteni hazikuwepo. Alama za nyayo zilikuwa nyingi, zilizokauka kwenye tope la Jumanne, miguu ya watu wazima waliosimama wamezunguka kitu. Mtu aliyekuja kuiba hasimami hivyo. Alipiga goti kwenye shimo la kwanza. Ndani palikuwa na kisiki cha nguzo ya mti. Mwandu alikuwa amezitumia nguzo hizo ndani ya miguu ya ng'ombe, kisha akazifunika kwa bati. Marcelina alikigusa kisiki kwa kidole. Kidole kikazama kama kwenye ugali uliopoa. Ndani, mti wote ulikuwa udongo wa mchwa.

Mashimo yote manne yalikuwa hivyo hivyo. Hapakuwa na alama ya shoka wala ya msumeno.

"Alianguka," Nyanjige alisema kwa sauti ndogo.

"Alianguka. Lakini kuna kitu hakipo." Marcelina alijipangusa magoti. "Mbavu tumeziona, na mkia. Bati la mabaka ndilo kubwa kuliko vyote, na halimo kwenye mafungu aliyoyataja Martha. Liko wapi?"

Mzee Masele alikuwa uani kwake, ameketi kwenye gogo, anasokota kamba. Alikuwa mwembamba, mwenye kofia ya kitambaa. Aliitikia salamu, akamwonyesha Marcelina kigoda kile kile cha jana.

"Mzee, najua ng'ombe alianguka mwenyewe. Nimeona mchwa. Ngozi yake iko wapi?"

Neno ngozi lilimfanya Masele anyanyue macho. Kisha akayarudisha kwenye kamba. "Nimeshaipeleka kunakotakiwa. Yaliyobaki nitayasema na mwenyewe."

"Niambie mimi."

"Wewe ni nani kwa ng'ombe huyu?"

Lilikuwa swali la haki. Marcelina angeweza kutaja sheria. Angeweza kumpeleka kituoni. Alimtazama mzee, mikono yake inavyosokota bila haraka, akaona kwamba mtu huyu hamfichi mwizi. Alikuwa anatunza neno, basi. Na Marcelina naye alikuwa anatunza la kwake, na katikati yao kulikuwa na mtu amelala kwenye saruji. Akafanya jambo ambalo hakuwa amelifanya katika miaka kumi na moja ya kazi.

"Mzee, kuna kijana yuko mahabusu kwa ajili ya ng'ombe huyu. Anaitwa Elia. Alikutwa na mabamba aliyopewa na Martha. Kesho asubuhi anapelekwa mahakamani. Mke wake yuko Mkula, anasubiri kujifungua."

Kamba ilisimama.

"Ana siku ngapi ndani?"

"Tangu Ijumaa."

"Ijumaa," Masele alirudia. "Na mimi nakaa hapa nakula." Aliiweka kamba chini, akavua kofia, akaishika magotini. "Jana mbona hukuniambia?"

"Ndivyo tunavyofanya kazi."

"Na mimi ndivyo tunavyofuga." Hakusema kwa ukali. "Sikiliza, mwanangu. Mwandu hana uwanja kwake. Alipomleta huyu ng'ombe alinikabidhi kwa maneno yale yale ya kumkabidhi mtu ng'ombe wa maziwa amtunzie. 'Guku, babu yangu, nakuwekea mnyama wangu, mlinde.' Yeye alikuwa anacheka. Mimi sikucheka. Mtu ameniamini, nicheke nini? Kila Jumamosi kabla ya wageni wa Nyanjige nilimpangusa."

"Nilidhani ni mvua inayomsafisha," Nyanjige alisema.

"Sasa mnyama wa kuwekewa akifa, majirani wanaitwa waone kwa macho. Nyama inagawanywa. Ngozi inapelekwa kwa mwenyewe, aishike, ajue hakuuzwa wala hakuibwa. Na mpaka yeye ameisikia habari kutoka mdomoni kwangu, sizungumzi na mtu wa pembeni. Nikianza kwa askari, itaonekana natafuta wa kunitetea."

"Ngozi uliipeleka kwa nani?"

"Mwandu hakuwepo. Nilimwachia mkewe. Nikamwambia, mpe mwenye mali, atajua."

Marcelina alifunga daftari. "Naomba twende wote."

Mwandu aliishi na mkewe, Anna, mwalimu kutoka Lindi, kwenye nyumba za walimu. Anna alipowaona alifikiri wameleta habari za mwizi. Alipoulizwa kuhusu bati aliona haya.

"Lile? Mzee alilileta Jumatano limekunjwa. Aliliweka chini taratibu, akavua kofia. Nikashangaa, mtu anavua kofia kwa ajili ya bati? Alikuwa ameshaondoka nilipofikiri kumwuliza. Kuku wangu walikuwa wanalowa, basi…" Aliwaonyesha banda.

Bati lilikuwa juu ya banda, upande wa kutu ukitazama mbingu, mawe manne yakilizuia. Marcelina na Nyanjige waliyatoa mawe, wakaligeuza. Chini yake mabaka ya kahawia na nyeupe yalikuwa mazima, na kwenye nyonga ilikuwepo alama ya Mwandu, duara lenye msalaba mdogo.

Anna alijifunika mdomo. "Na mimi Alhamisi Nyanjige aliponipigia kwamba ng'ombe ameibwa, nililia nikiwa nimesimama hapa hapa, nawapa hawa pumba."

Hakuna aliyemcheka. Masele ndiye aliyesema, "Umewakinga kuku na mvua. Hakuna ubaya." Kisha akamsaidia kutafuta kipande cha turubai cha kuweka mahali pa bati.

Walifika kituoni saa kumi na mbili kasoro, jua bado lipo. Koplo Gabriel aliliangalia bati, akaangalia picha za mashimo, akasoma maelezo ya Martha mara mbili. Alikuwa mtu wa kubisha, lakini hakuwa mtu wa kubisha ukweli ukiwa mezani.

"Mzee yuko tayari kuandika? Mwenye ng'ombe hajaambiwa bado," Gabriel alisema. Yeye alikuwa mtoto wa Nassa aliyekulia kwa wafugaji, alijua anachouliza.

"Mwandu nitamwomba radhi," Masele alisema. "Ng'ombe amekufa, anaweza kungoja. Huyu kijana hawezi."

Alitoa maelezo kwa nusu saa. Marcelina aliandika neno kwa neno, pamoja na hayo ya kofia na majirani, akampigia mkuu wa kituo, akamsomea. Mkuu aliuliza maswali matatu, akaagiza Elia aachiwe na jalada lifungwe kwa kuwa hakuna wizi.

Elia alitoka akiwa na koti la Gabriel mkononi, amelikunja vizuri. Masele alisimama.

"Mimi ndiye Masele. Umekaa ndani siku tatu kwa sababu ya mdomo wangu uliofungwa. Nisamehe."

Elia alimtazama mzee, akatazama sakafu. "Shikamoo, babu," alisema. Ndilo neno lililomjia.

"Marahaba."

Gabriel alisukuma mabamba mawili juu ya meza. "Haya nani anachukua?"

"Ya kwake," Masele alisema. "Nyama ikishatolewa hairudishwi. Na alilipia beseni."

"Beseni zuri," Nyanjige aliongeza, "halina ufa," na kwa mara ya kwanza tangu Alhamisi alicheka.

Marcelina alimpa Elia simu yake. "Yako haina chaji. Mpigie."

Elia alibonyeza namba. Simu iliita kwa muda mrefu. Sayi alipopokea, sauti yake ilijaa chumba kizima, maana spika ya simu ile ilikuwa mbovu na kila mtu alisikia.

"Elia? Namba ya nani hii? Siku tatu! Uko wapi? Mama amekuja tangu jana, mimi tumbo limeanza kuvuta, wewe uko wapi?"

Elia alifungua mdomo. Macho yake yalizunguka chumba, kwenye kaunta, kwenye mlango wa chuma alikotokea, kwenye sare ya Gabriel.

Mzee Masele alinyoosha mkono, akaichukua simu.

"Mwadila, mayu. Mimi ni Masele wa Malambo," alisema kwa sauti ya mtu aliyeketi nyumbani kwake. "Mume wako yuko na mimi. Kuna kazi yangu ilimchelewesha, kosa ni langu. Sasa anakula chakula changu, analala kwangu, na alfajiri namsindikiza kwenye gari mwenyewe. Wewe pumzika. Umesikia, mwanangu? Pumzika."

Kisha Sayi akasema, taratibu zaidi, "Asante, guku. Mwambie ale ashibe."

Gabriel alikuwa ameshageuka, anatafuta kitu kwenye kabati. Marcelina aliinamia jalada na kuendelea kuandika, ingawa alikuwa amemaliza, mpaka aliposikia wote wawili wametoka nje, bamba moja kwa kila mmoja, mzee akimwuliza kijana kama anakula dagaa.